Mchoro Ulioingia Ndani ya Picha

Kwa walioko Same mjini, najua upepo wa vumbi ndio kwanza unatulia. Kwa walioko juu, Mbaga, Vudee, Suji, Chome, ukungu umeshashuka na mmesogea jikoni. Basi isogezeni redio karibu na sufuria ya makande, maana leo nina mazungumzo ambayo redio kwa kawaida huyakwepa. Nataka tuzungumze juu ya picha. Tena picha za kale, zile za sinema bubu, zilizotengenezwa wakati filamu haijapata sauti na mtazamaji akisoma maandishi yaliyokatiza katikati ya picha.

Nitaanzia chini kabisa, kwenye vumbi.

Nilipokuwa mtoto nilitembea peku, kama watoto wote wa upande wetu wa mlima. Nikaugua safura. Wakubwa mnaijua safura: uso ulipauka, macho yakawa meupe kwa ndani, nikawa napumzika mara tatu kwenye njia ya kisima niliyokuwa nikiikimbia bila kusimama. Nikaanza kubandua udongo wa ukutani na kuutafuna kwa siri. Mama aliponishika na udongo mdomoni hakunichapa. Alinifunga khanga mgongoni, mkubwa kama nilivyokuwa, akanishusha zahanati.

Pale tulimkuta mhudumu wa afya, mama wa makamo mwenye sauti ya chini. Baada ya kunipa dawa alitutoa nje, mimi na mama na wengine waliokuwa wakisubiri, akaokota kijiti, akachora mguu kwenye vumbi. Mguu mkubwa, wenye vidole vitano. Pembeni ya kidole gumba akachora kimstari kidogo. "Huyu ndiye," alisema. Kisha akafuta kwa kiganja, akachora tena: kimstari kimeshaingia ndani ya ngozi. Akafuta, akachora: kimefika moyoni. Akafuta, akachora: kiko kwenye mapafu. Kikapanda kooni, kikamezwa pamoja na mate, kikashuka tumboni, kikajishikiza kwenye utumbo na kuanza kunyonya damu. Alichora na kufuta labda mara nane, na wala hakuharakisha. Naapa kwamba siku ile nilimwona mnyoo akitembea. Nikatazama nyayo zangu, nikainua mguu mmoja, kisha mwingine, kama mtu aliyesimama juu ya makaa.

Miaka mingi baadaye, nilipoanza kusoma habari za sinema za zamani, nikagundua kwamba yule mama alikuwa amefanya mbele yetu, kwa kijiti na kiganja, kazi ileile waliyoifanya mafundi wa Marekani mwaka 1920.

Mwaka huo taasisi ya Rockefeller ilitoa filamu fupi iitwayo Unhooking the Hookworm, yaani kumng'oa mnyoo wa safura. Taasisi ilikuwa imeanza kupambana na safura tangu mwaka 1909 katika majimbo ya kusini ya Marekani, ambako wakulima weupe kwa weusi walitembea peku kama sisi, wakapauka kama sisi. Halafu kazi ikavuka bahari, ikaenda nchi nyingi za joto. Tatizo lao lilikuwa lile la mhudumu wetu. Kamera ilikuwepo. Ingeweza kupiga picha ya mtu mgonjwa, ya kijiji, ya mtu akichimba choo. Kwa kioo cha kukuzia vijidudu, iliweza hata kuwaonyesha viluwiluwi wa mnyoo wakijinyonganyonga. Lakini safari yenyewe ndani ya mwili, kutoka unyayoni hadi kwenye utumbo, kamera isingeingia kuifuata. Basi pale kamera ilipokwama, wakaingiza mchoro. Filamu inakwenda na watu wa kweli na ardhi ya kweli, mara picha inageuka kuwa mchoro wa mwili, na ndani yake mnyoo anasafiri. Kisha mtazamaji anarudishwa kwa watu wa kweli.

Hilo ndilo jambo langu la leo: mchoro ulioingia ndani ya picha ya kweli. Leo tumezoea. Taarifa ya habari ikieleza tetemeko, utaona mchoro wa matabaka ya ardhi yakisukumana, wala hushangai. Lakini kuna siku mtu alithubutu kwa mara ya kwanza kuunganisha vitu viwili hivyo, kile kilichoshuhudiwa na kamera na kile kilichotoka kwenye kalamu, akamwambia mtazamaji: viamini vyote viwili.

Kazi yenyewe ilikuwa ya jasho. Filamu za siku zile zilipita picha kama 16 hivi kwa sekunde moja. Ukitaka mchoro utembee dakika moja tu, hesabu: unakaribia picha elfu moja. Kila picha inawekwa chini ya kamera iliyofungwa juu ikitazama mezani, inapigwa, inaondolewa, inawekwa nyingine iliyosogea kidogo kama upana wa uzi. Kuanzia mwaka 1914 hivi mafundi wa Marekani walipata njia ya kuchora juu ya plastiki angavu, ili kile kisichotembea kichorwe mara moja tu na kibaki chini. Kabla ya hapo mtu alichora kila kitu upya: mti uleule, nyumba ileile, mara elfu.

Aliyenigusa moyo zaidi kati ya mafundi wale ni Winsor McCay, mchoraji wa magazeti wa New York. Tarehe 7 Mei 1915 manowari ya Kijerumani ya chini ya maji iliizamisha meli ya abiria ya Lusitania karibu na pwani ya Ireland. Meli ilizama ndani ya dakika 18, wakafa karibu watu 1,200. Hakukuwa na kamera hata moja iliyoona. McCay akaamua kuchora alichokikosa mpiga picha. Alikaa karibu miaka miwili akichora michoro ipatayo 25,000, na mwezi Julai 1918 akatoa filamu ya dakika kama 12. Michoro yake haichekeshi, ingawa watu wakati ule walizoea katuni za kuchekesha. Moshi unapanda, meli inalala ubavu, watu wanaanguka baharini kama punje.

Lakini tazama jinsi alivyoanza. Kabla ya mchoro wa kwanza kutembea, filamu inamwonyesha McCay mwenyewe, mtu wa kweli mbele ya kamera, akipewa maelezo ya jinsi meli ilivyozama, akiwa na wasaidizi wake katika maandalizi ya kazi. Yaani anamwambia mtazamaji: haya utakayoyaona ni mkono wangu. Sikuwepo. Nimeulizia, nimechora.

Naipenda heshima ile. Yule mama wa zahanati naye tulimwona mkono. Tulijua kijiti kimeokotwa wapi. Kama tungetilia shaka, tungeweza kuuliza pale pale, na yeye angefuta na kuchora upya.

Mchoro wa aina nyingine ulihusu zaidi milima yetu, ingawa sidhani kama waliouchora waliwahi kuisikia. Vita Kuu ya Kwanza ilipoanza, Mwingereza mmoja aitwaye Percy Smith alianza kutengeneza ramani zinazotembea kwa ajili ya majumba ya sinema. Ramani inatandazwa, mishale inasogea, mpaka unahama, na mtazamaji wa London anaelewa vita kwa dakika chache. Kazi safi, na Smith alikuwa fundi kwelikweli. Alifanya pia filamu za maumbile ambamo mmea unakua mbele ya macho yako, picha moja moja kwa siku nyingi.

Sasa chukua vita vya hapa kwetu. Mwaka 1916 jeshi la Waingereza chini ya Jenerali Smuts lilishuka kutoka Kilimanjaro kando ya reli na mto Pangani, Wajerumani wakirudi nyuma na kuharibu reli na madaraja nyuma yao. Vita vilipita hapa hapa, chini ya milima ya Upare, Same, Makanya, hadi Mkomazi. Kwenye ramani huo ni mshale mmoja mfupi, unashuka kuelekea kusini mashariki, umekwisha. Ndani ya mshale huo kuna watu waliobeba. Katika vita vyote vya Afrika Mashariki Waingereza peke yao walitumia wapagazi wanaokaribia milioni moja au zaidi, na waliokufa, kwa maradhi na njaa kuliko kwa risasi, wanahesabiwa kwa makumi ya maelfu. Jina la kikosi chao tunalitamka kila siku tukienda Dar es Salaam kununua bidhaa: Kariakoo. Ukichora mshale, unaamua nani aonekane na nani asionekane. Kamera angalau ingeweza kumnasa mpagazi mmoja kwa bahati mbaya, akipita nyuma ya afisa. Katika mchoro hakuna anayeingia kwa bahati mbaya. Kila kilichomo, mtu amekiweka.

Kwa hiyo nikiulizwa kama michoro ile ilikuwa bora au mbaya kuliko picha za kweli, najibu: niambie kwanza nani alishika kalamu, na je, alijionyesha?

Turudi nyumbani, maana sinema hizi za kufundisha hazikuchelewa kufika Afrika Mashariki. Mwaka 1926 daktari wa serikali ya Kenya, Paterson, alijaribu filamu kuhusu safura hiyo hiyo. Mwaka 1929 Julian Huxley, mwanabiolojia wa Uingereza ambaye baadaye alikuwa Mkurugenzi Mkuu wa kwanza wa UNESCO, alizunguka Afrika Mashariki akiwa na filamu, akizionyesha kwa wanafunzi na watu wa vijijini ili aone kama wanazielewa. Akaiandikia serikali yake kwamba ndiyo, sinema inafaa kabisa kufundishia huku. Hilo mliweke akilini, kwa sababu baada ya miaka michache mambo yatasemwa kinyume.

Halafu ikaja kazi kubwa, na ilifanyika karibu nasi kiasi kwamba ukisimama ukingo wa mashariki wa milima yetu, juu ya Gonja, siku ya anga safi, unaiona milima yenyewe ng'ambo ya bonde la Mkomazi. Kule Usambara, mahali panapoitwa Vugiri, juu ya Korogwe, kati ya mwaka 1935 na 1937 kulikuwa na studio ya filamu. Studio, ndiyo, na mahali pa kusafishia filamu papo hapo mlimani. Fedha zilitoka shirika la Carnegie la New York, wazo lilitoka kwa baraza la wamisionari, na wasimamizi walikuwa Waingereza wawili: Latham, aliyewahi kuongoza elimu ya Waafrika huko Rhodesia ya Kaskazini, na Notcutt, aliyewahi kufanya kazi katika mashamba ya mkonge. Walitengeneza filamu 35. Zilikuwa filamu bubu. Sauti ilitoka kwenye santuri iliyopigwa sambamba, kwa Kiswahili na lugha nyingine za maeneo waliyopita. Ilikuwa kazi ya roho mkononi: filamu ikikatika na kuungwa, picha chache zikipotea, sauti inaachana na mdomo. Lori likabeba projekta na jenereta, likazunguka Tanganyika, Kenya, Uganda, Nyasaland na Rhodesia ya Kaskazini.

Walihubiri nini? Chai. Benki ya posta. Ngozi za ng'ombe. Mmomonyoko wa udongo. Safura pia walikuwa nayo, na filamu hiyo ni mojawapo ya chache zilizosalia hadi leo, imehifadhiwa Uingereza. Na walikuwa na filamu moja iliyoitwa kwa neno moja tu: Kodi. Kazi yake ilikuwa kumweleza Mwafrika kwa nini alipe.

Hapo niruhusuni nikae kidogo, maana hapo Mpare ana la kusema.

Katika miaka ya Vita Kuu ya Pili, watawala wa hapa waliwaletea Wapare kodi ya nyongeza iliyoitwa mbiru, ambayo kila mtu alipimiwa kwa mali yake: shamba, migomba, kahawa, mifugo. Wapimaji walipita, wakatazama, wakaandika. Mwaka 1945 watu kwa maelfu walishuka kutoka milimani, wakaja Same makao makuu ya wilaya, wakakaa. Si siku moja, si mbili. Wazee wengine walitoka Usangi, mwendo wa zaidi ya siku kwa miguu. Wanawake nao waliingia kwenye mapambano. Profesa Isaria Kimambo, mwana wa milima hii, aliandika kijitabu kizima juu ya jambo hili, kilichotoka mwaka 1971, na anayekisoma huona wazi kwamba watu wale hawakuwa wakikataa kulipa kodi. Ile kodi ya kawaida walikuwa tayari kuilipa. Walichokikataa ni kupimwa kwa namna wasiyoijua. Umeipataje hesabu hii? Nani alihesabu migomba yangu, akasimama wapi? Walitaka kuona mkono. Mwishowe mbiru ikafutwa.

Naweka filamu ya kodi na umati wa Same upande kwa upande. Miaka kama kumi kati yao, na bonde moja. Waliotengeneza filamu walidhani kazi ni kumfanya mtu aelewe picha. Watu waliokuja kulala Same waliielewa picha vizuri sana. Walichotaka ni kuulizana na mchoraji.

Na hapo ndipo naanza kukasirika, wasikilizaji wangu, samahanini. Kwa sababu mwaka 1939 serikali ya Uingereza ilianzisha kitengo cha filamu cha makoloni, chini ya William Sellers, aliyewahi kuwa ofisa wa afya Nigeria, na kitengo kile kikaweka kanuni za filamu za kumwonyesha Mwafrika. Picha ziende polepole. Kamera isirukeruke. Na hila zote za picha ziachwe, na mimi naihesabu michoro inayotembea humo, kwa kuwa, walisema, Mwafrika hawezi kuzisoma. Kisa chao walichokipenda kilihusu filamu ya malaria. Mbu alionyeshwa kwa ukubwa wa kujaza shuka lote, na wanakijiji wakasema: sisi tuko salama, kwetu hakuna mbu wakubwa namna hii. Kisa hicho kimesimuliwa kwa kucheka kwa miaka mingi.

Mimi nakisikia tofauti. Mtu akuletee mbu mwenye urefu wa nyumba, usiku, asikuambie ametumia kioo cha kukuza, asikuonyeshe mbu wa kawaida kwanza kisha amkuze hatua kwa hatua. Kwa nini usiseme huyo si wa kwetu? Jibu lile ni la mtu aliyetazama kwa makini, akapima. Mhudumu wetu wa zahanati alianza na mguu, kitu tulichokijua, ndipo akaweka kimstari kando yake. Tukajua mnyoo ana ukubwa gani, kwamba hafiki upana wa ukucha. Kosa la filamu ile lilikuwa la mchora kipimo, likaandikwa kwenye hesabu ya watazamaji.

Tena hawa ni watu gani wanaoambiwa hawawezi kusoma mchoro? Ni watu waliochimba ndiva. Ninyi mlioko Makanya, Mwembe na Bangalala mnajua ndiva: bwawa la kukusanya maji ya mlimani usiku ili mchana yagawiwe mashambani kwa zamu. Huwezi kuchimba mfereji unaozunguka ubavu wa mlima, maji yakaenda bila kusimama na bila kupasua kingo, kama hujaubeba mlima wote kichwani ukiwa umechorwa. Mzee wa ndiva alijua maji yatafika shamba gani saa ngapi kabla hayajafunguliwa. Na watu walipoitwa kwenye msaragambo, kila mmoja na jembe lake, waligawana kazi kwa mistari iliyochorwa ardhini. Watu hao ndio walioambiwa hila za picha zitawachanganya.

Nisiwe mkali kupita kiasi. Vugiri kulikuwa na watu waliofanya kazi kwa moyo, na Waafrika waliosafisha filamu, waliotafsiri, waliokaa mbele ya kinasa sauti. Majina yao hayakuandikwa kwenye picha kama lilivyoandikwa jina la McCay. Natamani ningewataja mmoja mmoja jioni hii.

Lakini kanuni zile zilitupotezea kitu. Sehemu nyingine za dunia watu walikuwa wameshaona filamu fupi zikichanganya picha za kweli na mchoro, kama ile ya ndugu Fleischer ya mwaka 1923 iliyojaribu kueleza nadharia ya Einstein, tena bila sauti. Hebu fikiria, Einstein kwa filamu bubu! Sisi tukapewa mwendo wa polepole.

Ilipofika mwaka 1973, serikali yetu wenyewe ilipotaka kuzungumza na wananchi juu ya maradhi, haikutumia sinema. Ilitumia chombo hiki ninachokitumia kuzungumza nanyi sasa. Kampeni ya Mtu ni Afya, wakubwa mnakumbuka. Watu karibu milioni mbili walikaa katika vikundi kuzunguka redio, wakijifunza juu ya malaria, safura, kichocho, kuhara, kifua kikuu, wiki baada ya wiki, kisha wakainuka kwenda kuchimba vyoo. Hapakuwa na picha inayotembea. Ila kila kikundi kilikuwa na vijitabu, na kilikuwa na mtu wa kuulizwa. Nadhani yule mama wa kijiti alikuwa tunda la kampeni ile, au mwalimu wake alikuwa.

Sasa nifike mahali nilipokuwa nakwenda tangu mwanzo, na ambapo ni vigumu kwangu kufika.

Novemba 2009, baada ya mvua kubwa, ubavu wa mlima uliporomoka usiku katika kijiji cha Goha, Mamba Myamba, huku kwetu wilaya ya Same. Watu zaidi ya 20 walifukiwa. Nawaomba radhi wafiwa wanaonisikiliza; sitaji jina. Kamera zilifika asubuhi. Ziliona udongo mwekundu, watu wakichimba kwa majembe, jeneza. Hizo picha ni za kweli na zilistahili kupigwa. Lakini usiku wenyewe hakuna aliyeupiga picha, kama vile Lusitania haikupigwa. Na hata kamera ingekuwepo, kungekuwa na giza, kisha sauti.

Kuna picha ambayo mchoro tu ndio ungeipata. Mvua inanyesha siku ya kwanza, udongo unainywa. Siku ya pili, nafasi ndogondogo kati ya chembe na chembe, zilizokuwa na hewa, zinajaa maji. Udongo unakuwa mzito, na wakati huohuo chembe zake zinaacha kushikana, kwa kuwa maji yanazisukuma zisigusane. Chini kuna mwamba, maji hayapiti, yanatambaa juu ya mwamba kama mafuta. Juu, pengine umeonekana ufa mwembamba kwenye njia, au mti umeinama kidogo kuliko jana, au chemchemi imetoka mahali ambapo haikuwepo. Kisha ubavu wote unateleza kwa pamoja. Haya ndiyo yanayotokea ndani ya mlima uliojaa maji, Mamba au popote duniani, na hakuna jicho linaloingia humo. Ndoto yangu ni dakika nne za michoro, ikitanguliwa na milima yetu halisi, mashamba ya tangawizi halisi, nyumba halisi. Vijana wa hapa mjini wanayo simu inayoweza kufanya kazi iliyomchukua McCay miezi mingi. Nawajua wawili wanaochorea matangazo ya harusi.

Nilipanda Mamba nikiwa na wazo hilo na daftari. Nilimkuta mzee mmoja anasafisha mfereji wa shamba lake, nikamwamkia, nikamweleza. Nikamwonyesha nilichokuwa nimechora usiku, mteremko, matone, mwamba chini. Alitazama kwa muda mrefu, akashika karatasi akaigeuza upande, akairudisha. "Umechora maji yanatoka juu tu," alisema. "Hapa kwetu yanatoka na pembeni." Akaweka jembe chini, akatafuta mahali penye vumbi kavu chini ya ukingo, akachuchumaa na kijiti. Akachora mlima. Akachora bonde dogo la kando, lililozibwa na majani. Akanionyesha maji yakiingia kwa ubavu.

Mama mmoja aliyekuwa akipita na mzigo wa kuni alisimama kutazama. Akautua mzigo. "Baba, hapana," akasema kwa heshima, "pale mwanzoni. Si hivyo." Akafuta ile kona kwa kiganja, akamnyooshea mzee mkono apewe kijiti.